Chili ya nyama na maharage: imeharibikia wapi, na inaokolewa vipi

Chili, yaani mchuzi mzito wa nyama na pilipili wa Kimarekani, ikikushinda mezani, kosa lenyewe mara nyingi lilishafanyika saa mbili nyuma, wakati sufuria bado inanukia vizuri na huna wasiwasi wowote. Hiki ni chakula cha sufuria moja, lakini ndani yake kuna vitu vitatu visivyokubaliana kwa muda. Nyama ya mchuzi inataka saa mbili hadi tatu za moto mdogo. Maharage makavu yanataka maji matupu mpaka yaive kabisa. Nyanya zinataka kukaangwa na vitunguu hadi ziachie mafuta, na hazitakiwi kuyakaribia maharage kabla hayajalainika. Anayevitumbukiza vyote kwa pamoja, akafunika na kwenda zake, ndiye hasa ninayemwandikia.

Kipimo ninachokizungumzia kinatosha watu wanane: nyama kilo 1, maharage makavu nusu kilo, vitunguu maji viwili vikubwa, nyanya zilizoiva tano au sita, nyanya ya kopo vijiko viwili vya chakula, punje sita za kitunguu saumu, na viungo ambavyo nitavieleza chini kwa sababu ndivyo vinavyoleta balaa kubwa kuliko kitu kingine chochote.

Jambo moja kabla hatujaingia jikoni. Chili ya Texas, kule inakohesabiwa kuwa kwao, haina maharage. Bunge la jimbo hilo liliitangaza kuwa chakula rasmi cha Texas mwaka 1977, na kwenye mashindano ya kupika chili ya Terlingua, kijiji cha huko Texas, yaliyoanza 1967, mshindani hatakiwi kuonekana na harage kwenye sufuria yake. Nje ya Texas, nyumba nyingi za Marekani zinaweka maharage bila kuuliza mtu. Mimi pia naweka, na naamini yanaifaa sana, mradi yapikwe inavyopaswa.

Maharage yamegoma kuiva

Swali la kwanza: nyanya ziliingia lini? Harage limeshikiliwa na pektini, aina ya gundi ya mimea, ambayo huachia taratibu ndani ya maji ya moto. Maji yakiwa na asidi, pektini hiyo hukaa imara. Nyanya, nyanya ya kopo, siki na ndimu zote zinaleta asidi. Maharage yaliyokuwa yamebakiza robo saa tu yanaweza kukaa vilevile kwa saa mbili zaidi ukishamimina nyanya.

Kabla ya kuamua lolote, yapime. Toa maharage matano kutoka sehemu tofauti za sufuria, juu, chini na pembeni. Libonye kila moja kati ya kidole gumba na kidole cha shahada. Lililoiva hupondeka lote na ganda lake huteleza. Ambalo bado hukatika vipande viwili, na katikati unaona kiini cheupe, kikavu, chenye chengachenga. Likitokea hata moja lenye kiini, chukulia kwamba sufuria nzima haijaiva.

Kama nyanya zimeshaingia, tiba ninayoiamini ni kuyatoa maharage kwa kijiko cha matundu, kuyasuuza, na kuyachemsha pembeni kwenye maji safi hadi yalainike, kisha kuyarudisha. Ni usumbufu, ndiyo, lakini mchuzi wako unabaki na ladha yake. Njia ya mkato ni magadi soda: robo kijiko cha chai kwa sufuria nzima, koroga, acha povu litulie, subiri nusu saa, pima tena. Yanapunguza asidi na pektini inaachia. Usizidishe. Magadi mengi yanaleta ladha ya sabuni ambayo hakuna kiungo kitakachoifunika, na maharage yanageuka uji.

Kama nyanya hazijaingia na bado maharage ni mawe, angalia maji. Birika lako likijenga gamba jeupe ndani, maji yako yana kalsiamu na magnesiamu nyingi, na madini hayo nayo hukaza pektini. Hapo ndipo magadi yanapofaa tangu mwanzo, kidogo sana, kwenye maji ya kulowekea. Wapishi wa makande wanalijua hili kwa mikono yao.

Halafu kuna umri. Maharage yaliyokaa muda mrefu stoo yenye joto na unyevu hubadilika ndani, na mengine hayalainiki tena hata ukichemsha kutwa. Utayatambua ukiyaloweka: asubuhi mengi yamevimba, machache yamebaki madogo na magumu. Yatoe hayo machache, yatupe. Kama nusu nzima imebaki hivyo, usipoteze mkaa wako, badilisha maharage. Nunua kwa muuzaji ambaye gunia lake linaisha upesi. Kwenye uchaguzi wa aina sina ubishi mwingi: Jesca na Lyamungu 90 za Tanzania zinafaa, nyayo ya Kenya inafaa, na maharage mekundu makubwa ndiyo yanayoonekana zaidi kwenye chili za Marekani.

Mwinuko nao usiusahau. Nairobi iko karibu mita 1,800 juu ya usawa wa bahari, na huko maji huchemka kwenye nyuzi 94 hivi. Dar es Salaam ni nyuzi 100. Nyuzi sita hizo zinarefusha muda wa maharage waziwazi, kwa hiyo anayepika Nairobi, Mbeya au Denver akifuata muda ulioandikwa na mtu wa pwani atadhani ana maharage mabovu kumbe anahitaji subira tu. Sufuria ya presha inamaliza tatizo hili kwa sababu ndani yake joto hufika karibu nyuzi 120. Usiijaze maharage na maji kupita nusu, maana povu lake linaweza kuziba tundu la mvuke.

Na chumvi? Chumvi haina hatia. Wengi tumelelewa na onyo kwamba chumvi ya mapema inayafanya maharage kuwa magumu, na ni kinyume chake. Loweka usiku kwenye lita mbili za maji yenye kijiko kimoja cha chakula cha chumvi, na sodiamu itachukua nafasi ya kalsiamu kwenye maganda. Maganda yatalainika na hayatapasuka hovyo. Kama tatizo lako ni maharage kupasuka na kumwaga unga wote kwenye mchuzi, hiyo ndiyo dawa yake, pamoja na kupunguza moto yakishaanza kulainika.

Watu wameanza kutapika saa moja au mbili baada ya kula

Hili nalieleza kwa uzito wake, kwa sababu linaumiza watu na linaepukika kabisa. Maharage mekundu mabichi yana sumu ya asili iitwayo fitohemaglutinini. Maharage manne au matano mabichi yanatosha kumtapisha mtu mzima, kwa kawaida ndani ya saa moja hadi tatu, na kuhara kufuate. Kuchemsha kwa nguvu kunaivunja sumu hiyo. Moto wa vuguvugu hauivunji. Maharage yanayopikwa kwenye joto la nyuzi 80 bila kuchemka yanaweza kuwa na sumu kali zaidi kuliko yalivyokuwa mabichi.

Anayehusika zaidi hapa ni yule mwenye jungu la umeme la moto mdogo, lile ambalo watu wengi waishio Marekani na Ulaya huliwasha asubuhi wakaenda kazini. Maharage makavu hayaingii humo moja kwa moja. Loweka saa tano au zaidi, mwaga maji yale, weka maji mapya, chemsha kwa nguvu kwenye jiko la kawaida kwa nusu saa, ndipo uyahamishie kwenye jungu. Maharage ya kopo hayana shida hii, yameshapikwa kiwandani.

Kumwaga maji ya kulowekea kunapunguza pia gesi tumboni, kwa kuwa sehemu ya sukari zinazoileta huyeyukia humo.

Kali hadi hailiki

Kosa hili nimeliona kwenye nyumba nyingi za kwetu, na karibu kila mara chanzo ni kimoja. Maelekezo ya Kimarekani yanasema weka vijiko vitatu vya chakula vya unga wa chili. Mpishi anafungua kopo lake la pilipili ya unga na kupima vijiko vitatu. Baada ya hapo hakuna mtu wa kula.

Unga wa chili unaouzwa madukani Marekani ni mchanganyiko: pilipili kavu zisizo kali sana, bizari nyembamba, oregano (majani makavu ya kunukia) na kitunguu saumu, mara nyingine na chumvi. Mhamiaji Mjerumani, William Gebhardt, alianza kuuza mchanganyiko wa namna hiyo huko New Braunfels, Texas, miaka ya 1890, na tangu hapo ndio umekuwa msingi wa chili ya nyumbani. Sehemu kubwa ya kijiko hicho ni rangi na harufu. Ukali ni kidogo tu.

Tofauti inaonekana vizuri kwenye vipimo vya Scoville vya ukali wa pilipili, vilivyoanzishwa na mfamasia Wilbur Scoville mwaka 1912. Ancho, pilipili kavu inayotumika sana kwenye chili ya Texas, iko kati ya 1,000 na 2,000. Pilipili ndefu nyekundu inayosagwa kuwa unga mkali iko kati ya 30,000 na 50,000. Pilipili kichaa inafika 100,000, na pilipili mbuzi inaweza kuzidi 300,000. Kijiko kwa kijiko, umeweka ukali mara ishirini au zaidi ya ule ulioandikwa.

Kama hupati unga huo, tengeneza wako kwa kilo moja ya nyama: vijiko vitatu vya chakula vya paprika (unga wa pilipili nyekundu) isiyo kali, vijiko viwili vya chai vya bizari nyembamba iliyokaangwa kidogo na kusagwa, kijiko kimoja cha chai cha oregano kavu, na robo kijiko cha chai cha pilipili kali. Saumu mbichi unayo tayari. Anza na robo hiyo hata kama nyumba yenu mnapenda pilipili. Kuongeza ni rahisi.

Ikiwa imeshakuwa kali, usiongeze maji. Kapseini, kile kinachounguza, hakiyeyuki kwenye maji bali kwenye mafuta, na protini ya maziwa hukiondoa kwenye ulimi. Kwa hiyo weka mtindi mzito juu ya kila bakuli, au jibini ikipatikana, na mpe mwenye kulia glasi ya maziwa. Kwa sufuria yenyewe, tiba ya kweli ni kuongeza ujazo: nusu kilo nyingine ya maharage yaliyoiva, nyanya zilizokaangwa vizuri, kitunguu, bila pilipili hata chembe. Sukari kijiko kimoja cha chai inapunguza makali kwenye ulimi kidogo, lakini isitegemewe peke yake. Ukiila kwa wali mweupe au ugali, nusu ya tatizo imekwisha.

Inanukia pilau

Umetumia bizari ya pilau iliyochanganywa tayari, yenye mdalasini, karafuu na iliki. Bizari nyembamba inapaswa kuwemo. Hao wengine ndio waliobadilisha njia. Chakula hakijaharibika, ila sasa umeegemea upande wa Cincinnati, Ohio, ambako wahamiaji kutoka Makedonia walianza kuuza katika miaka ya 1920 chili yenye mdalasini inayomiminwa juu ya tambi. Ongeza paprika na oregano, weka nyanya ya kopo iliyokaangwa, na harufu itarudi katikati. Au pika tambi, uile kama wanavyoila wao.

Nyama: ngumu ni jambo moja, kavu ni jingine

Watu huyachanganya haya mawili, na tiba zake zinapingana.

Chukua kipande, kibonye kwa uma. Kikirudi nyuma na kukataa, bado hakijaiva. Kolajeni iliyomo, zile nyuzi nyeupe zinazoshikilia misuli, huanza kugeuka jelatini joto likipita nyuzi 70, na kazi hiyo inataka muda. Endelea na moto mdogo, nusu saa kwa nusu saa. Nyama ya ng'ombe aliyechinjwa alfajiri na kuuzwa asubuhi hiyohiyo inachelewa zaidi, kwa sababu haijapata siku za kupumzika. Iache kwenye friji siku mbili kabla ya kupika na utaona tofauti.

Kipande kikiachana kwa urahisi lakini mdomoni kinakuwa nyuzi kavu zisizomezeka, tatizo ni lingine. Ama ulichagua nyama isiyo na mafuta wala kolajeni, ama uliichemsha kwa fujo. Hapo kuongeza muda kunazidisha ubaya. Ichambue nyama hiyo kwa uma ndani ya mchuzi iwe nyuzinyuzi, iache inywe mchuzi dakika kumi, na italika.

Buchani omba kidari, bega au muundi. Sarara na steki ni ghali na hazifai hapa hata kidogo, ni kutupa pesa. Kata vipande vya sentimita mbili na nusu hivi, maana vidogo zaidi hupotea kabla maharage hayajanyonya ladha. Moto uwe wa kutokota: unaona mapovu mawili matatu yakipasuka hapa na pale, si sufuria nzima kuruka.

Kama nyama imegeuka kijivu na inaogelea kwenye maji yake, umejaza sufuria kupita kiasi. Rangi ya kahawia, inayobeba ladha nzito ya chili, haianzi mpaka uso wa nyama upite nyuzi 140 hivi, na palipo na maji haupiti 100. Tumia masikio. Mafuta yakiwa na moto wa kutosha unasikia mlio mkali na mkavu. Mlio ukishuka na kuwa wa kuchemka, nyama imezidi. Kaanga kilo moja kwa awamu tatu, na kila kipande kiache kitulie hadi kijitenge chenyewe na sufuria, usikikwangue. Ikiwa maji yameshatoka, panua moto, acha yakauke kabisa, na mafuta yatakayobaki yataanza kukaanga. Haitakuwa sawa na ile ya awamu tatu, lakini itakuwa bora mara nyingi kuliko ya kijivu.

Kisha mimina nusu kikombe cha maji na ukwangue kwa mwiko ule utando wa kahawia ulioganda chini. Ndio mchuzi wenyewe huo. Anayeuosha kwa sababu unaonekana kama uchafu ametupa kitu ambacho hakuna kiungo cha dukani kitakachokirudisha.

Nyama ya kusaga ina sheria zilezile, ila inatosheka na dakika 45 za kutokota. Ikiwa punje ngumu kama za mpira, iliingia kwenye sufuria baridi na kuvurugwa mfululizo.

Imepooza, haina ladha

Usianze kumwaga viungo. Weka mchuzi kidogo kwenye vibakuli vitatu. Cha kwanza tia chumvi kidogo sana, cha pili matone mawili ya ndimu, cha tatu vyote viwili. Onja kwa mpangilio huo. Mara nyingi cha tatu ndicho kinachoamka, na sasa unajua sufuria inataka nini. Ndimu ama siki itiwe mwisho kabisa, moto ukiwa umezimwa.

Vibakuli vyote vitatu vikibaki vimepooza, tatizo liko chini zaidi: nyama haikupata rangi, au viungo ni vizee. Bizari nyembamba iliyosagwa mwaka jana haina kazi tena. Nunua nzima, kaanga kavu nusu dakika hadi inukie, saga. Nyanya ya kopo nayo inataka kukaangwa ndani ya mafuta na vitunguu hadi wekundu wake ugeuke wa matofali, la sivyo inabaki na ladha ya bati. Kokoa isiyo na sukari, kijiko kimoja cha chai, inaongeza kina. Wengine hutia kahawa nyeusi nusu kikombe, na inafaa.

Ina uchungu

Saumu imeungua, au viungo vimeungua. Viungo vya unga huungua ndani ya sekunde chache kwenye mafuta matupu, kwa hiyo vitie baada ya vitunguu kulainika, koroga dakika moja, fuatisha nyanya au maji haraka. Uchungu mdogo unafunikwa na sukari kidogo na nyanya. Uchungu wa kuungua kweli haufunikiki. Kama umeugundua kabla maharage na nyama havijaingia, anza upya na vitunguu vingine. Hasara ni ndogo.

Ina uchachu wa nyanya

Nyanya hazikukaangwa vya kutosha, au ni mbichi. Ipe nusu saa zaidi bila mfuniko. Ikigoma, magadi soda kwa ncha ya kijiko na sukari kidogo.

Majimaji

Ondoa mfuniko kwanza, kabla ya kutafuta unga. Dakika ishirini za kutokota wazi zinatatua mengi. Kisha ponda kikombe kimoja cha maharage yaliyomo na ukirudishe, kwani wanga wake unashika mchuzi bila kubadilisha ladha. Texas wanatumia unga wa mahindi yaliyochemshwa kwa chokaa, ule wa kutengenezea chapati za Kimeksiko. Sembe yetu haina harufu ile lakini inashika vizuri: vijiko viwili vya chakula, vikorogwe kwanza kwenye maji baridi, vipikwe dakika kumi na tano ili ubichi uishe. Ngano naikataa. Inafanya mchuzi ute.

Imeshika chini

Acha kukoroga mara tu unaposikia harufu. Usikwangue. Hamishia sehemu ya juu kwenye sufuria nyingine kwa upole, acha ukoko ulipo, onja. Mara nyingi imepona. Chanzo ni sufuria nyembamba, mkaa uliokolea upande mmoja, au wanga wa maharage uliotulia chini. Kwenye presha, nyanya ya kopo iwekwe juu ya vitu vyote mwishoni na isikorogwe hadi ifunguliwe.

Chumvi imezidi, mafuta yamezidi

Viazi havinyonyi chumvi peke yake. Vinanyonya maji na chumvi yake kwa pamoja, na mchuzi unabaki na chumvi ileile. Ongeza maharage yaliyochemshwa bila chumvi, au nyanya. Mafuta yaenguliwe kwa upawa, au subiri yagande kwenye friji uyatoe kama kipande. Bakiza kiasi, kwa sababu rangi nyekundu na harufu ya pilipili vimekaa humo.

Asubuhi imechacha

Mapovu madogo juu, harufu kali kidogo, utelezi kwenye mwiko. Mwaga. Kuichemsha upya kunaua vijidudu lakini hakuondoi kila sumu vilivyokwisha kuitoa, na mbegu za bakteria aina ya Clostridium perfringens huhimili kuchemka, kisha huamka sufuria inapopoa polepole. Sufuria kubwa ya chili iliyofunikwa jikoni usiku kucha inakaa vuguvugu kwa saa nyingi, na nyama na maharage ni mlo mzuri kwa vijidudu hivyo.

Kiporo cha chili ni kitamu kuliko chili ya siku ya kwanza, kwa hiyo kinastahili kuhifadhiwa vizuri. Kisikae nje zaidi ya saa mbili, na kwenye joto la zaidi ya nyuzi 32, ambalo Dar au Mombasa ni la kawaida, saa moja tu. Gawa kwenye vyombo vipana vyenye kina kifupi, au tumbukiza sufuria kwenye beseni la maji baridi huku ukikoroga, kisha friji. Kitadumu siku tatu hadi nne. Kama hakuna friji, pika kiasi kitakachoisha siku hiyohiyo.

Ikitoka kwenye friji imeganda kabisa, usiogope: ni jelatini ya nyama na wanga wa maharage. Tia robo kikombe cha maji ya moto kwa kila bakuli, pasha kwa moto mdogo ukikoroga hadi itokote yote hata katikati, kisha onja chumvi na ndimu upya.